Jina Lililotoka Nyumba ya Firauni

Kichwa cha mtoto kilikuwa kimekwisha kunyolewa, nywele zimekusanywa kwenye kitambaa zikapimwe kwa ajili ya sadaka, na nyama ya akika ilikuwa jikoni, pale mzee mmoja wa upande wa baba alipouliza maana ya jina. Shemeji yangu alijibu bila kusita: "Musa, mzee wangu. Maana yake ni aliyetolewa majini." Wazee wakaitikia mashaallah.

Ndipo mgeni mmoja, kijana anayesomesha historia sekondari, alipoomba ruhusa ya kusema neno. "Samahani wazee wangu. Wataalamu wengi wanaona kwamba jina hilo asili yake si Kiebrania wala Kiarabu. Ni la Kimisri cha kale, lenye maana ya mtoto, au mzaliwa. Ni jina la nyumbani kwa Firauni."

Bibi yake mtoto, ambaye ndiye aliyekuwa amempakata, aliinua uso.

"Mwanangu, unataka kuniambia tumempa mjukuu wangu jina la Firauni?"

Mwalimu aliomba radhi, sahani zikaletwa, na mazungumzo yakahamia kwingine. Mimi sikuhama nayo. Kwa wiki kadhaa nimekuwa nikilibeba swali la bibi huyo, kwa sababu niliona kwamba yeye na mwalimu kila mmoja alikuwa ameshika jambo zito, na hakuna aliyepewa nafasi ya kulifikisha mwisho.

## Mwopolewa au mwopoaji

Jibu la shemeji yangu lina chanzo kinachojulikana. Katika kitabu cha Kutoka, sura ya 2, aya ya 10, binti wa Farao anampa mtoto jina na kueleza kwamba amemtoa majini. Kwa Kiebrania jina hilo hutamkwa Moshe, na kitenzi kilichotumika hapo ni masha, yaani kuopoa. Kitenzi hicho ni adimu mno. Katika Biblia yote ya Kiebrania, mbali na kisa hiki, hakionekani ila katika wimbo mmoja wa Daudi ulioandikwa mara mbili, kwenye Zaburi ya 18 na kwenye 2 Samweli 22, mahali ambapo mshairi anamshukuru Mungu kwa kumwopoa katika maji mengi.

Taabu huanza mtu anapolitazama umbo la jina lenyewe.

Kama nia ilikuwa kusema "aliyeopolewa", Kiebrania kina umbo lake kwa maana hiyo, nalo ni mashui. Moshe ni umbo la mtendaji. Maana yake ni mwopoaji, mtu anayewatoa wengine majini. Kwa hiyo kitoto cha miezi mitatu, kilichotolewa mtoni kikilia, kimepewa jina la kazi ambayo kingekuja kuifanya baada ya miaka mingi kwenye ukingo wa bahari. Kitabu cha Isaya, sura ya 63, aya ya 11, kinazikumbuka siku hizo za kale na yeye aliyewapandisha watu kutoka baharini, na kwa Kiebrania jina Moshe limewekwa pale bega kwa bega na neno "watu wake", kiasi kwamba msomaji anaweza kulisoma kama jina na pia kama sifa: mwopoaji wa watu wake.

Nilipofika hapo nilitamani kuishia hapo. Lakini kuna jambo lilikataa kutulia. Binti wa mfalme wa Misri, aliyekuwa akimficha mtoto huyo dhidi ya amri ya baba yake mwenyewe, angempaje jina la Kiebrania, yaani jina ambalo kila mlinzi wa mlangoni angelisikia na kujua mara moja mtoto ametoka kwa nani?

Shaka hiyo si ya leo. Katika karne ya kwanza, Filo wa Aleksandria na mwanahistoria Yosefo, Wayahudi wote wawili, waliitafuta maana ya jina hili katika lugha ya Wamisri. Walieleza kwamba Wamisri huyaita maji mou, na Yosefo akaongeza kwamba sehemu ya pili ya jina inawataja waliookolewa kutoka humo. Wafasiri wa Kurani nao walipita njia inayokaribiana na hiyo: At-Tabari, aliyefariki mwaka 923, amepokea maelezo kwamba kwa Kikibti, lugha ya Wamisri, mu ni maji na sha ni mti, kwa kuwa mtoto alipatikana baina ya maji na miti. Wanalugha wa Kiarabu hawakudai jina hili ni lao. Al-Jawaliqi wa Baghdad, katika karne ya 12, aliandika kwamba majina ya manabii yote ni ya kigeni isipokuwa manne: Adam, Salih, Shuaib na Muhammad. Kiarabu kina neno musa lenye maana ya wembe, na wanasarufi walilijua vizuri, ila walilitenga na jina la Nabii.

Kwa hiyo mwalimu wetu hakuleta bidaa. Wazee wa dini zote mbili walikwisha kuitazama Misri kabla yake, tena bila kuona aibu.

## Karani wa Saqqara

Wataalamu wa leo hawayategemei tena maelezo ya maji na miti. Wanategemea mzizi mmoja wa Kimisri, mesi, wenye maana ya kuzaa na kuzaliwa, ambao umo katika majina ya wafalme tunayoyasikia tangu shuleni: Thutmose, Ahmose, Ramses. Kila moja kati ya majina hayo linataja kwanza mungu wa Misri, kisha kuzaliwa. Thutmose ni uzao wa Thoth. Ramses ni yule ambaye Ra ndiye aliyemzaa.

Hapa ndipo watu hupenda kusimulia kisa kizuri: kwamba Musa naye alikuwa na jina refu lenye mungu mbele, akalikata alipowaacha miungu wa Misri, akabaki na "mzaliwa" bila kusema wa nani. Kisa hicho kinavutia, na Sigmund Freud, mwanasaikolojia maarufu, katika maandishi yake ya mwaka 1939, alilifanya jina hili kuwa nguzo mojawapo ya hoja yake kwamba Musa alikuwa Mmisri. Mimi sikiamini. Sababu yangu ni kaburi moja huko Saqqara, makaburi ya kale ya Misri.

Kaburi hilo ni la mtu aliyeitwa Mose, karani wa hazina ya hekalu la mungu Ptah zama za mfalme Ramses II, karne ya 13 kabla ya Kristo. Kwenye kuta zake ameandikisha kesi ya shamba. Mfalme Ahmose alikuwa amempa babu yake wa mbali, Neshi, ardhi kama tuzo. Vizazi vilivyofuata vikagombana, hati zikaghushiwa, na Mose akahangaika mahakamani mpaka akaona vyema kesi yenyewe iwekwe kaburini mwake ili isisahaulike. Yeyote aliyeona shamba la urithi likizeesha ndugu mahakamani atamwelewa mtu huyo mara moja. Lililo muhimu kwetu ni kwamba aliitwa Mose tu, bila mungu mbele yake. Jina fupi lilikuwa la kawaida kwa watu wa kawaida, na hatuna haja ya kubuni mkasi uliolikata.

Upande mwingine una hoja yenye uzito, nayo inahusu sauti moja. Kiebrania kina herufi sameki kwa s na shini kwa sh. Mji wa Ramesesi unaotajwa katika Kutoka 1:11 umeandikwa kwa sameki, kama tunavyotarajia kutoka s ya Kimisri. Lakini Moshe ameandikwa kwa shini. Kenneth Kitchen, bingwa wa historia ya Misri ya kale, aliliona hilo kuwa kikwazo kikubwa, akashikilia kwamba jina ni la Kisemiti tangu mwanzo. J. Gwyn Griffiths, mwaka 1953, alikuwa ametetea asili ya Kimisri, akiona kwamba tofauti ya sauti haitoshi kuiangusha.

Nimezipima hoja hizo kwa muda mrefu, nami ninaegemea Misri. Katika barua zilizoandikwa kwa Kiakadi, lugha ya kale ya Mesopotamia, juu ya mabamba ya udongo na kupatikana Hattusa, mji mkuu wa Wahiti, jina la Ramses II mwenyewe limeandikwa kwa sh: Riamashesha. Ikiwa jina la mfalme liliweza kuvuka mpaka likapokewa kwa herufi hiyo, jina la mtoto nalo lingeweza.

Kisha kuna ukoo wa Musa. Mjukuu wa Haruni anaitwa Finehasi, na jina hilo ni la Kimisri bila ubishi: maana yake ni Mnubi, mtu mweusi wa kusini. Hofni, mwana wa kuhani Eli, naye ana jina la Kimisri, na maana yake ni kiluwiluwi. Walawi, kabila la Musa, walikuwa na majina ya Misri ndani ya nyumba zao za kikuhani. Watu wanaojitungia historia ya kujitukuza hawawapi makuhani wao majina ya nchi iliyowatumikisha. Majina hayo yalibaki kwa sababu yalikumbukwa.

Basi mwalimu alikuwa na haki. Lakini bibi hakuwa ameuliza kuhusu herufi.

## Nyumba kubwa

Inafaa kusema tunalimaanisha nini tunapotamka neno Firauni. Katika Kiswahili si cheo tu. Ni tusi. Mtu mwovu aliyepita mpaka huitwa firauni, na matendo yake ni ufirauni. Biblia ya Kiswahili ya mwaka 1952 haikulitumia neno hilo, ikasema Farao, pengine ndiyo maana Mkristo hasikii tusi ndani ya kisa kama anavyolisikia Mwislamu. Musa, kwa upande mwingine, hakugawanywa. Kwetu Yesu na Isa ni majina mawili ya mtu mmoja katika lugha moja, Yohana na Yahya vilevile, lakini Musa ni Musa msikitini na kanisani.

Na Firauni ni nini kwa asili? Kwa Kimisri ni per-aa, maneno mawili yenye maana ya nyumba kubwa. Kwanza lilikuwa jina la kasri. Baadaye, katika zama za Ufalme Mpya, likaanza kumtaja mfalme mwenyewe, kama nasi tunavyosema Ikulu imetoa tamko, hali tukijua kwamba kuta hazisemi. Majina yote mawili, la dhalimu na la aliyesimama mbele yake, yanatoka katika lugha moja. Moja lilitaja jengo. Jingine lilitaja mtoto.

Waarabu wana msemo kwamba kila Firauni ana Musa wake. Mara nyingi husemwa kama ahadi kwa walioonewa. Ukilijua chimbuko la majina haya, msemo huo unapata uzito wa ziada, kwani huyo Musa alilelewa humo humo ndani, akala chakula cha humo, na aliyemfungulia mlango alikuwa mtu wa nyumba hiyo.

## Aliyempa jina

Hapo ndipo niliporudi kuzisoma tena aya zenyewe, polepole, nikaona jambo nililokuwa nikilipita siku zote.

Katika Kutoka, mama yake, Yokebedi, anamficha miezi mitatu, kisha anarudishiwa mtoto amnyonyeshe kwa ujira, na mtoto akakua. Jina linakuja baada ya yote hayo, siku anapopelekwa kwa binti wa Farao na kuwa mwanawe. Yokebedi alimwitaje miaka yote ya kunyonyesha? Mama hakai na mtoto bila kumwita. Torati haikuliandika jina hilo.

Kurani inafanya kinyume, kwa namna ambayo mtu wa pwani anaielewa bila tafsiri. Haimtaji mama kwa jina lake, wala haielezi maana ya jina la mtoto. Katika Surat Al-Qasas, aya ya 7, Mwenyezi Mungu anampelekea wahyi mwanamke huyo kabla mtoto hajatiwa mtoni, naye tayari anaitwa Ummu Musa. Mama Musa. Ndivyo tunavyowaita dada zetu tangu siku wanapojifungua.

Marabi wa Kiyahudi waliuona upungufu wa jina la kwanza, wakaujaza. Katika mapokeo yao Musa alikuwa na majina kumi, na wazazi na jamaa zake kila mmoja alikuwa na lake. Kisha wanaeleza kwamba Mungu alimwambia hatamwita kwa lolote kati ya hayo isipokuwa lile alilopewa na binti wa Farao, kwa sababu ya wema alioutenda. Wanamwita binti huyo Bithia, jina linalopatikana katika 1 Mambo ya Nyakati 4:18, nao wanalifasiri kuwa binti wa Mungu.

Nilisoma hapo nikasimama. Marabi walijua kabisa kwamba jina limetoka kwenye nyumba ya adui. Hawakulificha. Waliona kwamba hiyo ndiyo heshima yake.

Waislamu wanasimulia kwamba aliyemwokoa mtoto alikuwa mke wa Firauni, ambaye mapokeo yanamwita Asiya. Katika Al-Qasas, aya ya 9, anamsihi mumewe wasimuue mtoto, huenda akawa kiburudisho cha macho kwao. Na katika Surat At-Tahrim, aya ya 11, amepigiwa mfano kwa walioamini, pamoja na dua yake: amwomba Mola wake amjengee nyumba Peponi, karibu naye, na amwokoe na Firauni na matendo yake.

Nyumba. Mke wa Nyumba Kubwa anaomba nyumba nyingine.

Sidai kwamba aya imekusudia kugusana na maana ya Kimisri ya neno Firauni. Ninasema tu kwamba tangu nilipoziweka pamoja siwezi tena kuitenganisha dua hiyo na per-aa. Na ninaona kwamba swali la bibi lina jibu, na jibu lake liko kwa mwanamke kama yeye, aliyempakata mtoto asiyemzaa na kumpa jina. Jina la Musa limetoka nyumba ya Firauni kama mtoto mwenyewe alivyotoka: mikononi mwa mtu aliyeikataa amri ya nyumba hiyo akiwa bado anaishi ndani yake.

## Waliolihofu na waliolisambaza

Jambo moja zaidi lilinishangaza, kwa kuwa sisi tumezoea kuwa na Musa katika kila mtaa. Wayahudi hawakumpa mtoto jina hili kwa karne nyingi. Katika Biblia hakuna Musa wa pili, na miongoni mwa marabi wengi wa enzi za Talmudi, mkusanyiko wa mafundisho yao, karibu humkuti mwenye jina hilo. Lilionekana kuwa la mtu mmoja, lisilogawanywa. Hofu hiyo ilikuja kuondoka taratibu, hata katika karne ya 12 yule aliyekuwa mwanazuoni wao mkubwa kuliko wote aliitwa Moshe ben Maimon, na watu wakasema juu yake kwamba tangu Musa hadi Musa hakutokea mtu kama Musa. Aliishi na kufanya kazi ya utabibu Fustat, penye Cairo ya leo, ambako majirani zake walimwita Musa ibn Maymun. Hivyo jina lilikuwa limerudi Misri, kwenye kinywa cha Kiarabu, kwa Myahudi.

Waislamu hawakulihofu hata kidogo. Kurani inamtaja Musa mara 136, kuliko nabii mwingine yeyote, na jina likaingia majumbani mapema: Musa ibn Nusayr aliyevuka kwenda Andalusia mwaka 712, Imamu Musa al-Kadhim aliyefariki Baghdad mwaka 799, Mansa Musa wa Mali aliyepita Cairo akielekea Makka mwaka 1324. Pwani yetu ililipokea kwa njia hiyo hiyo ya Kiarabu, ndiyo sababu hatusemi Moshe. Tanzania wengi huliandika Mussa, kwa s mbili. Bara, waliobatizwa na wamisionari wa Kiingereza wakawa Moses, na Lubumbashi, walikotawala Wabelgiji, wakawa Moïse, ingawa siku ya Jumapili, Biblia ya Kiswahili ikisomwa, jina wanalolisikia ni Musa.

Na kuna mahali pamoja ambapo jina hili, kwa maelezo yanayokubalika zaidi, limekaa bila wengi kulitambua. Vasco da Gama alipotia nanga mwezi Machi 1498 kwenye kisiwa kidogo chenye misikiti na wafanyabiashara wa Kiswahili, sheikh anayekumbukwa kuwa mwenye mahali pale alikuwa Musa bin Mbiki. Wareno waliliandika jina hilo kama walivyolisikia, wakakiita kisiwa Moçambique, wakajenga ngome yao hapo, wakakifanya makao makuu mpaka mwaka 1898, na kutoka hapo jina likaenea juu ya nchi nzima. Sisi tunaiita Msumbiji. Majirani zetu wa ng'ambo ya Ruvuma wanasafiri na pasipoti zenye jina la yule karani wa kesi ya shamba na la mwana wa Yokebedi, baada ya kupita Kimisri, Kiebrania, Kiarabu na Kireno.